Olopololi ya Naipanoi

Neno olopololi halimo katika kamusi za Kiswahili tulizotumia shuleni, na katika Kitengela ya sasa, yenye maghorofa na vituo vya mafuta, wako wengi waliozaliwa hapa ambao hawajawahi kulisikia. Ni neno la Kimaa. Mtu wa ofisi ya mifugo atakuambia kwamba maana yake ni malisho yaliyotengwa karibu na boma kwa ajili ya ndama. Hajakosea. Lakini Naipanoi, mke wa Meitamei, hakuwahi kulieleza hivyo. Aliyemwuliza alipelekwa hadi mahali penyewe, akaambiwa ainame.

Mahali penyewe palianzia nyuma ya zizi la ndama na kuteremka hadi kwenye kijito kikavu, upande wa kuelekea Isinya. Mvua za masika zilipoanza, nyasi za hapo zilifungwa; hakuna mnyama aliyeruhusiwa kukanyaga. Zilikua, zikatoa mbegu, zikakauka juu. Kufikia Agosti mpita njia aliona uwanda wa rangi ya mabua, usiotofautiana na uwanda mwingine wowote isipokuwa kwa urefu wa nyasi zake. Hapo ndipo Naipanoi alipomwambia mgeni ainame. Alizitenganisha nyasi kwa vidole, kama mama anayegawa nywele za mtoto kabla ya kumsuka, na huko chini, karibu na udongo, palikuwa na kijani: kifupi, chenye unyevu, kisichozidi pingili ya kidole.

"Hii ndiyo olopololi," alisema. "Hiyo ya juu ni nguo yake tu."

Kwake yeye kijani hakikuwa rangi ya kuonekana kwa mbali. Kijani cha kuonekana kwa mbali, alisema, ni cha mvua, na mvua haina mwenyewe. Kile cha kuinamia kina mwenyewe, kwa sababu kuna mtu aliyejinyima ili kiwepo.

Aliolewa katika boma lile mwaka wa elfu moja mia tisa themanini na sita, akitoka upande wa Kajiado mjini. Mama mkwe wake alimkabidhi kazi nyingi, lakini moja alimkabidhi kwa kumshika mkono. Alimzungusha mipaka yote ya olopololi, na kila walipofika kwenye kinywa cha njia, mahali ambapo watu au mifugo wangeweza kuingilia, mama mkwe alikusanya kishungi cha nyasi, akakipinda, akakifunga fundo kwenye usawa wa goti. Hilo lilikuwa kufuli. Majirani wa maboma ya karibu waliliona fundo, wakageuza mbuzi wao. Hapakuwa na seng'enge wala mlinzi. Mama mkwe alisema kwamba katika maisha yake yote hakuna fundo lililovunjwa na mtu, na Naipanoi alimwamini, kwa kuwa yeye mwenyewe alilelewa karibu na mafundo kama hayo.

Neno hilo liliingia mpaka ndani ya nyumba. Maziwa aliyoyaficha kwenye kibuyu kidogo kumngoja Resian, bintiye, arudi kutoka shuleni, aliyaita olopololi ya Resian. Shuka jipya lililolala sandukuni lilikuwa olopololi pia. Sukari aliifunga ndani ya karatasi, akaiweka juu ya dari ili mgeni akija asinywe chai kavu, na mumewe, aliyependa chai tamu kuliko kitu kingine, alizoea kuwalalamikia marafiki wake mbele yake.

"Kwangu hata sukari iko na olopololi," Meitamei alisema. "Mimi ndiye ng'ombe mkubwa, nimefungiwa nje."

Naye Naipanoi alimjibu kwamba ng'ombe mkubwa ana miguu ya kwenda kutafuta mbali.

Ardhi yao ilikuwa kubwa walipopewa hati, baada ya shamba la pamoja kugawanywa. Kisha ilianza kupungua. Meitamei aliuza kipande cha kando ya barabara ili mwana wao mkubwa asome bweni. Aliuza kingine mama yake alipougua. Cha tatu kilinunua pikapu iliyofanya kazi msimu mmoja, na mpaka leo bodi yake imebaki nyuma ya boma, kuku wanataga ndani. Mnunuzi alikuwa Githongo karibu kila mara, mfanyabiashara aliyekata vipande hivyo kuwa ploti na kuwauzia watu waliofanya kazi Nairobi. Naipanoi hakuitwa katika mazungumzo hayo, na hakutarajia kuitwa. Kila mumewe alipomwambia kwamba ameuza, alikuwa na swali moja tu: upande gani? Akisikia kwamba si upande wa kijito, aliendelea na kazi yake. Kufikia mwaka wa tisini na tisa kilichobaki kilikuwa boma na olopololi.

Miongoni mwa waliohamia kwenye ploti za Githongo alikuwamo Nyaguthii, mama yake Gitonga, mjane kutoka upande wa Murang'a. Alijenga nyumba ya mabati, na kabla hata ya kuweka sakafu ya nyumba aliweka sakafu ya simiti kwa ajili ya ng'ombe. Alikuwa na ng'ombe mmoja wa gredi, mweusi kwa mweupe, aliyekula na kulala chini ya paa, na maziwa yake yalinunuliwa na wapangaji asubuhi kabla hawajaenda kazini. Wanawake hao wawili walifahamiana kwa kutaniana. Nyaguthii alijifunza kusalimu kwa Kimaa, akajifunza na maneno mengine machache, likiwamo hilo la olopololi, ambalo alilitamka kwa namna iliyomchekesha Resian. Naipanoi alizoea kusimama mbele ya banda na kuuliza mfungwa anaendeleaje.

"Huyu ng'ombe wako alifanya kosa gani? Miaka yote hajatoka jela."

"Kosa ni kukula," Nyaguthii alijibu. "Na zenu zinatembea kushinda wanasiasa, lakini maziwa ni kikombe."

Jambo moja hawakuwahi kulizungumza, kwa kuwa hakuna aliyedhani kwamba linahitaji kuzungumzwa. Mahali alikokulia Nyaguthii, nyasi zilizo kando ya njia au kwenye shamba lisilo na ua ni za yule mwenye nguvu ya kuinama. Kila mwanamke alirudi jioni na mzigo mgongoni, na hakuna aliyemwuliza ameukata wapi. Mtu anayekithamini kitu chake hukizungushia ua: kaiyaba, au waya, au hata matawi ya miiba. Ardhi iliyoachwa wazi, nyasi zikapanda mpaka magotini bila mnyama kuzigusa, hiyo ni ya mtu aliyenunua akarudi mjini, na kumkatia nyasi ni kumsaidia, maana nyoka hupungua na moto haushiki. Kitengela ya miaka ile ilijaa ploti za namna hiyo. Nyaguthii alizikata kwa miaka minne bila kusikia lalamiko.

Mvua za vuli za mwaka wa tisini na tisa zilikuwa haba. Masika ya mwaka wa elfu mbili yalinyesha kidogo mwezi wa Aprili, yakakoma. Zile nyasi chache zilizoota uwandani zililiwa zikiwa changa, na kufikia Julai udongo mweusi ulikuwa umepasuka nyufa ambazo mguu wa mbuzi ungeweza kuvunjikia ndani yake. Meitamei na mwanawe waliamua kuwahamisha ng'ombe kuelekea Loitokitok, chini ya mlima, ambako walisikia kwamba kuna majani. Wasioweza kutembea walibaki: ndama watano na ng'ombe mmoja mzee aliyekuwa amezaa karibuni.

Asubuhi ya kuondoka Meitamei alisimama kwenye zizi la ndama kwa muda mrefu kuliko alivyozoea. Mkubwa wao alikuwa jike mwenye rangi ya udongo mwekundu uliokolea, aliyeitwa Mugie. Aliyemfuata alikuwa na milia, akaitwa Keri.

"Ngoto Resian," alimwambia mkewe, kwa jina la heshima la mama wa bintiye, "wale wakifia njiani, hawa ndio watakuwa ng'ombe. Boma ni hili zizi."

"Nenda," alisema Naipanoi. "Wana nyasi."

Na kweli walikuwa nazo. Mvua ile haba ya Aprili, ambayo kwingineko ililiwa siku ileile, katika olopololi ilikuwa imeachwa ikue. Nyasi zilifika magotini. Naipanoi alizipima kwa jicho, akachomeka vijiti kuligawa eneo vipandevipande kutoka juu kuteremka kijitoni, na kila asubuhi aliwaingiza ndama kwenye kipande kimoja, akawatoa kabla hawajafikia kile kijani cha chini. Kazi hiyo ilitaka moyo mgumu, kwa kuwa ndama walilia wakitolewa. Resian alisema kwamba mama yake anazijua nyasi zote kwa majina, na kwamba siku moja ataziita usiku ziingie ndani zilale. Sehemu ya chini, karibu na kijito, ilikuwa nzuri kuliko zote, na Naipanoi aliiacha kwa ajili ya Oktoba na Novemba. Ilikuwa nyuma ya mteremko. Ukisimama bomani huioni. Alizunguka akafunga mafundo yote upya, akilikaza kila moja mara mbili.

Haya yote aliyaeleza kwa vipande, miaka mingi baadaye, alipokuwa akiniletea shuka za kutiwa pindo kwenye cherehani yangu na kungoja ziishe. Alikuwa haongei mbele ya watu wengi. Sehemu inayofuata aliieleza mara moja tu.

Mwezi wa Septemba kisima cha karibu kilikauka. Ikawa lazima kuondoka na punda alfajiri kutafuta maji mbali na kurudi jua likiwa limeinama. Resian alikuwa shuleni. Ndama walikuwa wamekwisha kula kipande chao na kufungiwa zizini. Ni katika siku hizo ambapo Nyaguthii, aliyekuwa amemaliza majani yake ya nepia na mabua aliyoyanunua, alitembea kando ya kijito akitafuta nyasi, akaziona zile za sehemu ya chini zimesimama, hazijaguswa, hazina ua. Aliliona pia fundo. Alitabasamu, kwa sababu alipokuwa mtoto wao nao walifunga nyasi njiani kwa siri ili wenzao wanaokuja nyuma wajikwae. Alidhani ni mchezo wa watoto wa shule. Siku iliyofuata alikuja na kibarua mwenye panga na mkokoteni wa punda, na kwa siku mbili wakakata mpaka chini.

Naipanoi aliigundua hasara hiyo asubuhi aliyopumzika kwenda kuteka maji. Aliteremka peke yake kuangalia kipande cha mwisho. Alipovuka mgongo wa mteremko aliona udongo. Ng'ombe akila huacha shina, na shina hukifunika kile kijani. Panga halikuacha kitu. Vishina vilikuwa vimekatwa usawa wa ardhi, na kile kijani cha pingili moja, kilichofichwa tangu Aprili, kilikuwa wazi juani, kimeshageuka kuwa rangi ya majani ya chai. Kwenye kinywa cha njia alikuta fundo lake limelala chini. Lilikuwa bado limefungwa vizuri. Nyasi zilikuwa zimekatwa chini ya fundo.

Aliliokota. Alianza kufuata alama za mkokoteni, akatembea mpaka alipoanza kuona paa la Nyaguthii, ndipo alipokumbuka kilichokuwa mkononi mwake. Katika desturi aliyolelewa nayo, mtu anayekuja kwako ameshika nyasi anaomba amani, na huwezi kumpiga wala kumkaripia hata kama amekukosea vipi. Mtoto anayekimbizwa na fimbo akiwahi kung'oa nyasi na kuzinyanyua, fimbo hushushwa. Naipanoi hakuwa akienda kuomba amani. Alikwenda kusema maneno ambayo wanawake wa kwao huyasema mara moja katika maisha, na ambayo aliyeambiwa hayasahau. Akalitupa fundo, akafuta kiganja kwenye shuka, akaingia kwa Nyaguthii mikono mitupu.

Nyaguthii alikuwa anatoka stoo kuelekea bandani. Alikuwa amekumbatia mzigo wa nyasi zilezile, umemfika kidevuni.

"Takwenya, Mama Resian," alisalimu. "Leo mfungwa amekula vizuri, usimhurumie."

Naipanoi alisimama akizitazama zile nyasi mikononi mwa mwenzake, na yale maneno aliyokuja nayo yakamkwama. Alijua kwamba mama huyu hajui amebeba nini. Lakini alikuwa amekibeba.

"Hiyo nyasi umekata wapi?" aliuliza hatimaye.

"Huko chini kwa mto. Kwa shamba ya yule mtu wa Nairobi."

"Mtu gani wa Nairobi?"

"Si kila mahali hakuna fensi ni ya mtu wa Nairobi?" Nyaguthii alicheka kidogo, kisha akaona kwamba anacheka peke yake.

"Hiyo ni olopololi," alisema Naipanoi.

Nyaguthii alilijua neno. Alilisikia mara nyingi, hata akalitania. Alichojua yeye ni kwamba olopololi ni pale juu, nyuma ya zizi, mahali alipowaona ndama wakilishwa. Kwamba inavuka mteremko na kufika kijitoni hakuwa ameambiwa, na hakuwa ameuliza. Alimtazama jirani yake kama mtu anayengoja aambiwe kwamba ni utani.

"Na si mngeifunga?"

"Ilifungwa."

"Na nini?"

"Na fundo."

Nyaguthii aliketi kwenye ukingo wa hori. Hakuwa mtu wa machozi, na hakulia. Alisema kwamba kumbe lile fundo, yeye alidhani ni watoto. Alisema kwamba ng'ombe wake alikuwa amelala na njaa siku mbili. Alisema kwamba mkokoteni mmoja mzima amemuuzia mtu wa nyuma ya kanisa. Kisha akasema, "Nitukane. Mama Resian, sema kitu."

"Weka hiyo nyasi chini kwanza," alisema Naipanoi.

Lilikuwa ombi kubwa kuliko yote aliyowahi kumwomba, na Nyaguthii hakulielewa. Alidhani kwamba jirani yake amekataa kuiona. Akainuka, akazikusanya vizuri zile zilizokuwa zikidondoka, akanyoosha mikono yote miwili.

"Hapana, haiwezi kukaa chini," alisema. "Ni yako. Chukua."

Naipanoi alizipokea. Hakukuwa na namna nyingine. Alizibeba kichwani mpaka nyumbani, akawamwagia ndama, na hasira aliyokwenda nayo akarudi nayo ndani mwake, akakaa nayo. Alipofika sehemu hii ya habari alikuwa akiangalia pindo la shuka lake, akasema kwamba angepewa nafasi ya kuisema ile hasira, huenda ingeisha.

Jioni ile mkokoteni ulileta zilizosalia. Zilikuwa chache, na zilikuwa zimekauka mpaka kulia mkononi kama karatasi. Nyaguthii hakukomea hapo. Alileta pumba za mahindi, akaleta majani ya ndizi aliyoyanunua sokoni, akaleta hata maganda ya viazi kutoka kwenye hoteli moja ya barabarani. Ndama waliyanusa. Walikula kidogo, wakahara. Kipande cha juu walikula mpaka kwenye kile kijani, kisha mpaka kwenye mizizi, na Naipanoi hakuwatoa tena.

Kuna kazi ambayo wafugaji wote wa upande huu waliifanya mwaka ule, nayo ni kuinua. Mnyama aliyedhoofika akilala usiku, asubuhi hawezi kusimama mwenyewe, na asiposimama hufa. Mmoja hushika mkia, mwingine huweka bega chini ya kifua, wakamnyanyua mpaka miguu ikaze. Naipanoi na Resian waliwainua ndama kila asubuhi kabla ya shule. Siku ya tatu au ya nne Nyaguthii alitokea zizini bila kuitwa, akavua kitambaa cha kichwani, akaweka bega. Hawakusalimiana. Alikuwa na nguvu, na kwa muda ndama walisimama kwa nguvu zake.

Ng'ombe mzee alitangulia, na kitoto chake kikafuata. Keri alikuwa wa tatu. Walimwinua, akasimama, akapiga hatua kwenye njia ya olopololi, akaanguka akiwa ameielekea. Resian alianza kukataa kwenda shule ili abaki akiwafukuza ndege wakubwa waliotua juu ya bodi ya pikapu. Mama yake alimlazimisha aende. Ng'ombe wa Nyaguthii naye alikauka maziwa, akauzwa kwa mwenye bucha angali na nyama kidogo, na banda la simiti likabaki tupu. Hata hivyo Nyaguthii aliendelea kuja asubuhi kuinua ndama wasio wake, hadi asubuhi ambayo alikuta amebaki Mugie peke yake, naye hakuwa wa kuinuliwa tena. Naipanoi alikuwa ameketi karibu naye, amekilaza kichwa chake pajani.

"Rudi nyumbani, Mama Gitonga," alimwambia. "Umesaidia."

Nyaguthii alisimama pale, kitambaa mkononi. Baada ya hapo hawakuzungumza mpaka mwaka mwingine.

Mvua ilikuja katikati ya Novemba. Ilinyesha ile ya kweli, ya kufunga nyufa, na kwa muda wa wiki moja olopololi ilikuwa na kijani ambacho Naipanoi hakukumbuka kukiona tangu aolewe. Sehemu ya chini, iliyokatwa kwa panga, ndiyo iliyopendeza zaidi. Ilichipua sawasawa, laini, bila bua hata moja kuukuu la kuiharibu. Hakukuwa na haja ya kuinama. Ilionekana kutoka barabarani.

Meitamei alirudi pamoja na mwanawe, wakiwa na ng'ombe watatu. Wengine walibaki Loitokitok, na wengine walibaki kando ya njia ya kurudi, walipokutana na mvua ya baridi wakiwa mifupa. Alizunguka nyuma ya nyumba moja kwa moja, akasimama kwenye zizi la ndama. Naipanoi alimletea maji ya kunywa. Wote wawili walitazama nyasi.

Githongo alijua wakati wa kuleta wateja. Uwanda ukiwa mkavu, mtu wa mjini huuona kama ngozi ya mnyama aliyekufa na kurudi garini. Ukipata mvua, huupenda papo hapo. Kabla ya Krismasi alimtembelea Meitamei, wakaongea chini ya kivuli cha nyumba. Jioni Meitamei alimwambia mkewe kwamba ameuza. Alingoja lile swali. Naipanoi alikuwa akipepeta maharagwe, akaendelea kupepeta.

Wateja walikuja Jumamosi, familia tatu, viatu vimejaa tope jeusi lisilobanduka. Watoto walikimbia nyasini wakajiviringisha. Mmoja wa wanunuzi alikuwa Bwana Oyoo, mtu mpole aliyefanya kazi ya uhasibu Nairobi, aliyetoka magharibi mwa nchi na aliyesema kwamba tangu aanze kupanga nyumba hajawahi kumiliki hata mahali pa kumfukia paka. Alimsalimu kila mtu kwa mkono. Alisimama kwenye sehemu ya chini, akavuta pumzi, akasema kwamba hajawahi kuona majani mabichi namna hii, hata kwao.

Kisha akawageukia wenyeji. "Mzee, hapa mnapaita nini?" aliuliza. "Sitaki kuweka jina la kutoka mbali. Nataka nyumba yangu iitwe vile nyinyi mmekuwa mkipaita."

Meitamei alifurahi kuulizwa. Alifungua mdomo.

"Hapa hakuna jina," alisema Naipanoi.

Mumewe alimtazama. "Ngoto Resian."

"Olopololi ni ya ndama," alimwambia kwa Kimaa, polepole. "Onyesha ndama, kisha ulitaje neno hilo. Waambie ni nyasi."

Meitamei akamwambia Bwana Oyoo kwamba ni nyasi tu. Bwana Oyoo alishukuru, na baadaye nyumba yake aliiita kwa jina la mama yake. Kituo cha matatu kilichoanzishwa hapo huitwa Kwa Githongo.

Naipanoi bado anaishi katika lile boma, lililozungukwa na kuta za mawe pande zote. Resian aliolewa Kiserian. Nyaguthii humtembelea Naipanoi siku za Jumapili, na wawili hao huongea kuhusu miguu yao na wajukuu. Neno olopololi nililisikia kutoka kwa Naipanoi alipokuwa akieleza habari hizi tu. Katika mazungumzo ya kila siku halimo tena. Shuka akinunua, huvaa. Maziwa yakipatikana, hunywewa yote. Sukari huisha siku ileile inayonunuliwa, Meitamei akiwa ndiye wa kwanza kuichota, na mgeni akifika kesho yake hunywa chai kavu.